Koo la Baba Anjela

Jumatatu, 10 Juni 1996

Mume wangu alipoteza koo lake jana Jumapili, saa saba mchana, mbele ya wanaume wa ukoo wake, juu ya sahani ya ugali. Naandika hivyo kwa sababu leo wote wanasema alipoteza adabu.

Asubuhi nimewasha mashine yangu ya kusaga kama kawaida. Ukungu mpaka mlangoni, mikono imekufa ganzi. Wateja wa mahindi foleni. Hakuna aliyenitazama usoni. Basi habari imeshafika.

Jana aliamka akashika ukuta. Ghafla tu. Akasema nyumba inazunguka. Akatapika, akaoga, akaenda misa, akitoka misa aende sengu. Nilimwambia baki. Akasema asiyefika sengu ana neno moyoni.

Ndivyo walivyo Wamatengo. Ndugu wa ntambo mmoja, mlima mmoja, wanaume wao wanakula sahani moja, ndiyo sengu, na anayekataa tonge amekataa ndugu. Desturi ilikuwa imeshakufa. Shemeji Vitus, kaka mkubwa wa mume wangu, ndiye aliyeifufua wanunuzi binafsi walipoingia na mizani zao barabarani, chama cha ushirika kikiwa hoi. Alitaka mlima mzima uuze kahawa kwa neno moja. Neno lake. Mume wangu, Baba Anjela, alikwishasema wazi kwamba mwaka huu atauza kivyake.

Kwa hiyo tonge lilipomtokea puani, hawakuona ugonjwa. Waliona jibu.

Walimshika taya. Vitus akamsokomeza tonge la pili kwa mkono wake mwenyewe. Kisha maji, "ateremshie." Haya ameniambia yeye, kwa sauti iliyokauka kama ya mzee wa miaka tisini.

Walimleta jioni wakambwaga mlangoni. Vitus nyuma yao. Nilimwamkia. Ndiyo, nilimwamkia, shikamoo shemeji. Akaniitikia, "Marahaba. Chukua mlevi wako, Mnyasa."

Nilimnusa mdomo. Ugali na matapishi. Pombe hakuna. Aliiacha mbele ya padri na hajairudia. Lakini anayumba kushoto, maneno yanateleza, kwikwi usiku kucha. Hata mimi nilisita. Nikamnusa tena.

Leo akaja mashineni ajionyeshe kuwa mzima. Akapepesuka, akashika bomba la moshi la injini kwa mkono wa kulia. Harufu ya nyama nikaisikia kabla sijamwona. Mkono hakuutoa. Alikuwa ananiangalia tu, anashangaa ninapiga kelele za nini.

Mlevi akiungua hulia. Huyu hakulia.

Jumanne, 11 Juni

Zahanati. Mganga amemwangalia akiwa amekaa. Kumsimamisha hakumsimamisha. Kasema malaria, kachomeka dripu ya kwinini. Nikamuuliza, si kiharusi? Akamwambia Baba Anjela amshike mkono, abane. Akabana. Wa kushoto sawa, wa kulia, uliofungwa bandeji, sawa. "Mama, kiharusi gani hiki cha kuninyonga mkono?" Watu wakacheka. Mume wangu naye akacheka, akapaliwa na mate yake mwenyewe mpaka akawa bluu.

Jioni nikarudi kusema kizunguzungu kimezidi. Kasema ndivyo kwinini ilivyo.

Kizunguzungu kilianza Jumapili. Kwinini imeanza Jumanne. Mimi hesabu nilijifunzia sokoni, nikiuza usipa, dagaa wa ziwani, kwa kopo, na hata mimi najua kipi kimetangulia.

Alhamisi, 13 Juni

Hospitali ya misheni. Tumekuja juu ya lori la kahawa, nimemfunga kwenye magunia kwa kamba asidondoke. Kila kona alitapika. Dereva alisimama mara moja, akasema akifia garini gari litakuwa na nuksi. Nikamwambia aendeshe.

Daktari ni kijana, mfupi, mkali. Hakuuliza pombe. Aliuliza, "Ilianza ghafla au polepole?" Nikasema ghafla, kabla ya misa. Akanyanyuka.

Kamsimamisha. Akaangukia kushoto. Kamwambia aguse pua kwa kidole chake, kisha kidole cha daktari. Mkono wa kulia ukafika, wa kushoto ukapotea njia. Macho yanarukaruka kama usipa kwenye wavu. Kope ya kushoto imeshuka, mboni yake ndogo kuliko ya kulia. Mimi nalala naye na sikuiona. Kisha akachukua uma wa chuma, ulikuwa baridi kwa hali ya hewa hii, akamgusa shavu la kushoto. Hakuna baridi. Mkono wa kulia, hakuna baridi. Mguu wa kulia, hakuna. Mkono wa kushoto akashtuka.

Akafungua bandeji, akautazama mkono ulioungua, akaniambia, "Mama, mkono huu ndio uliokuwa unawaambia."

Kiharusi. Ila cha nyuma, chini kwenye shina la ubongo, karibu na kisogo. Kile tunachokijua sisi hupooza mkono na kupinda mdomo. Hiki huacha nguvu zote mahali pake, kikachukua mizani, macho, sauti, koo. Ndiyo maana wanaonekana walevi. Kasema wagonjwa wa namna hii hulazwa vilabuni na mahabusu kabla ya kufika kwake.

Nilimuuliza dawa. Kasema mashine ya kupiga picha ya kichwa iko Dar, na hata ikiwapo, mshipa uliokwisha kuziba Jumapili haufunguki Alhamisi. Kinachowaua hawa mara nyingi si kichwa. Ni koo. Chakula kinashika njia ya mapafu. Kampima presha, iko juu sana, ila kasema haishushwi kwa pupa. Vidonge vyake vya presha viliisha zahanati tangu Machi. Tukaambiwa tununue. Baba Anjela akasema anajisikia vizuri, afadhali tununue mbolea.

Wamempitisha mpira puani mpaka tumboni. Uji mwembamba na maziwa kwa bomba la sindano, akiwa amekalishwa wima. Kwa mdomo, hakuna kitu. Hata maji. Hasa maji, kasema, maji ndiyo yanayokimbia kuliko vyote. Sista wa wodi kabandika karatasi ukutani juu ya kitanda: ASIPEWE KITU CHOCHOTE KWA MDOMO.

Ijumaa, 14 Juni

Homa. Pafu la kulia limejaa. Daktari kasikiliza, akauliza alikula nini mara ya mwisho.

Ugali wa sengu. Bado anao kifuani.

Sindano za penisilini. Paja limevimba.

Jumapili, 16 Juni

Vitus amekuja. Suti ya kanisani, viatu vimepigwa rangi. Yeye ni katekista, anapenda kuingia mahali watu wakasimama. Sista hakusimama.

Aliutazama ule mpira muda mrefu. Akasema kwa Kimatengo maneno niliyoyaelewa, kwamba ndama akishindwa kunyonya huchinjwa, hawekewi kamba puani. Mume wangu alisikia. Anasikia kila kitu. Akili haijaguswa hata chembe, huo ndio ukatili wa huu ugonjwa. Aliwasikia wakimwita mlevi, alisikia zahanati wakicheka, na leo kasikia habari za ndama.

Nikamwambia Vitus kiharusi hiki cha nyuma kikoje. Nilimweleza kama daktari alivyonieleza, neno kwa neno, na uma wa chuma nikaazima nikamwonyesha. Alisubiri nimalize. Akasema, "Shemeji, huku mlimani mtu akiugua tunamlisha. Sijui huko kwenu ziwani."

Huko kwetu ziwani, Lundo, mtu akinywa maji yakaingia pafuni tunamwita mfu. Hilo sikulisema. Najuta.

Jumatano, 19 Juni

Homa imeshuka. Aspirini ya kusagwa kwenye mpira. Kwikwi imekoma kwa dawa, usiku alilala.

Sasa kiu.

Mpira unampa maji ya kumtosha, Sista ameniandikia kila alichopewa, nimejumlisha, mwili wake hauna upungufu. Lakini mdomo haujui hesabu. Ulimi umekuwa gome. Namlowesha midomo kwa kitambaa. Anakifyonza kitambaa. Nakivuta.

"Benadeta. Tone moja."

Hapana.

"Nusu."

Hapana.

Akafunga macho. Kisha kwa ile sauti ya makuti makavu akasema, "Hata aliye msalabani alipewa siki."

Mgonjwa wa kitanda cha jirani akacheka. Mimi sikucheka. Nilimwambia, akinywa atakufa, na akifa kaka yake atagawa kahawa yake kabla hajapoa. Nilisema hivyo, usoni pake. Alinitazama kwa jicho lile moja lililofunguka vizuri, na niliona chuki. Ya kweli. Miaka kumi na tisa ya ndoa sikuwahi kuiona, hata enzi za pombe.

Afadhali anichukie akiwa hai.

Jumamosi, 22 Juni

Leo kasimama. Sista kushoto, mimi kulia. Hatua chache mpaka dirishani. Anaegemea kushoto kama gunia lililopakiwa vibaya, lakini kasimama. Macho yametulia kidogo. Anaona kitu kimoja kimoja, si viwili viwili.

Daktari akamjaribu koo. Kijiko kimoja cha maji, yeye mwenyewe akishika kijiko, ameweka vidole kwenye koromeo. Kisha akamwambia aseme jina lake. Jina likatoka limelowa, linabubujika. Halafu kikohozi. Ameshindwa.

Kasema wengi hurudi. Wiki chache, pengine miezi. Ataanza kwa uji mzito, kidevu kimeshushwa kifuani, maji ndiyo ya mwisho kabisa. Kumbe ndivyo, uji mzito una usalama kuliko maji. Sisi sote tulidhani kinyume.

Baba Anjela hakusikiliza. Alikuwa anaangalia kijiko.

Jumatatu, 24 Juni

Mkanda wa mashine umekatika. Kijana niliyemwachia hawezi kuufunga. Watu wanabeba mahindi kwenda kusagia kwa mwingine, na wateja wakihama hawarudi. Mashine ile ndiyo inayolipia kitanda hiki siku hizi za kuchangia gharama. Lazima niende, nilale huko, nirudi kesho.

Nani abaki? Anjela yuko bweni Songea, ana mtihani. Ndugu zangu wako Lundo, ujumbe hautafika kabla ya keshokutwa.

Vitus kajitolea. Kaja bila kuitwa, na blanketi lake.

Nilimsimamisha mbele ya karatasi ya ukutani. Nikamwambia asome. Akasoma, kwa sauti, kama anasoma somo la kwanza kanisani. Nikamuuliza kaelewa. "Nimeelewa, Mama Anjela." Hakuniita Mnyasa. Nikamwonyesha namna ya kumkalisha. Nikamwambia Sista. Sista akamwambia tena.

Mume wangu hakuniaga. Alikuwa amegeukia upande wa kaka yake.

Jumanne, 25 Juni

Amekufa.

Nimekuta godoro limekunjwa.

Sista anasema alipita alfajiri wakiwa wamelala wote wawili. Aliporudi kutoa chakula cha mpira, mpira ulikuwa sakafuni. Kikombe cha bati chini ya kitanda, kitupu. Yeye ameshakuwa mweusi midomo. Walimnyonya maji kooni kwa mashine ya kukanyaga kwa mguu, daktari alikuja na shati la kulalia. Maji yalitoka mengi. Vitus alikuwa nje, kwenye bomba, ananawa uso.

Mkanda wa mashine niliufunga vizuri. Unazunguka.

Ijumaa, 28 Juni

Tumezika juzi, mlimani, kwenye ardhi yao. Kaburi limechimbwa karibu na miche ya kahawa aliyoipanda mwenyewe. Mvua ya manyunyu.

Vitus aliongea kaburini. Sauti nzuri anayo, lazima nikiri. Alisema alikuwa na mdogo wake mpaka dakika ya mwisho. Alisema, "Ndugu yangu hakufa na njaa wala kiu. Amekwenda ameridhika." Wanaume wakaitikia. Wanawake wakanigeukia mimi.

Msibani nimeitwa mambo. Aliyemfunga mume mdomo. Mla samaki aliyemweka mtu kamba puani. Wifi mmoja alinisogezea chai akasema, "Kunywa, dada, wewe hujakatazwa." Wakacheka, na maiti haijamaliza siku mbili ardhini. Nilikunywa. Yote. Kisha nikamwomba aniongeze.

Anjela kafika kachelewa, hakumwona baba yake. Ameniuliza swali moja tu, baba alikuwa anaumwa nini hasa. Nilichukua kijiko, nikakitoa nje kwenye baridi, nikamgusa nacho shavu. Nikamwambia, baba yako hapa hakusikia kitu. Akashika shavu lake akalia.

Wameshaniuliza nitarudi lini Lundo. Walitumia neno "kupumzika". Nimewajibu mashine ni yangu, niliijenga kwa usipa, na kiwanja kina jina langu. Ndoa wameizika. Mashine haina kaburi.

Jumamosi, 29 Juni

Jioni. Wageni wamepungua. Anjela amelala mapema. Mashine imefungwa kwa ajili ya matanga, na bila ile injini bonde ni kimya mno.

Sista alinipa kile kikombe pamoja na nguo zake. Kiko hapa mezani. Ni cha kwa Vitus, kina alama ya msumari chini, kama vyombo vyote vya sengu. Alikibeba kutoka nyumbani. Maana yake nini? Labda ni cha kunywea chai yake mwenyewe. Mtu anayelala hospitali hubeba kikombe.

Nimewaza pande zote. Nimewaza pia lile jicho la Jumatano. Kama mume wangu aliomba, aliomba kwa mtu aliyekuwa tayari kutoa, kwa kuwa mimi nilikwishakataa mara zote. Basi alijua anachofanya, na alimchagua kaka yake, na kiu yake ikaisha, na mimi sina kesi na mtu. Nitanyamaza. Itaniuma mpaka nife, lakini nitanyamaza.

Kama hakuomba, basi ni tonge la tatu.

Daktari hawezi kunijibu. Sista alikuwa upande wa pili wa wodi. Mtu mmoja tu anajua.

Kesho ni Jumapili, sengu ya kwanza tangu tuzike. Mwanamke hakai sengu. Nitasimama pembeni basi, pale wanapopita na maji ya kunawa, na kikombe hiki mkononi, mbele ya wanaume wote wa mlima. Sitalia. Nitamwamkia kwanza, kwa kuwa ni mkubwa. Kisha nitauliza, na sitaki habari za Mungu wala za ndama.

Shemeji Vitus, alikuomba maji kwa mdomo wake, au ulimpa tu? Aliomba au hakuomba. Unijibu kesho, saa saba, kabla mtu yeyote hajamega tonge.